Umenyimwa gradi? Tazama kwanza tarehe ya karatasi

Kesi nyingi za gradi, yaani cheo cha utumishi, hapa Lubumbashi hazifii mbele ya jaji. Zinafia katika miezi mitatu ya kwanza, wakati mfanyakazi wa Leta (serikali) bado anazunguka ofisi hii na ile, anaambiwa "ngoja, mkubwa atarudi Jumatatu". Hakuna Jumatatu inayosimamisha hesabu ya siku.

Kabla ya yote, tenganisha gradi na kiti. Gradi yako, tuseme shefu wa biro (mkuu wa ofisi), inabaki yako mpaka iondolewe kwa njia ya sheria. Kiti unachokalia hakina ulinzi huo. Na interimu (kukaimu) haizai gradi: hata ukiongoza divizio, ngazi iliyo juu ya biro, miaka minne, muhuri ukiwa kwenye droo yako, huwezi kumwambia jaji kwamba kwa hiyo umekuwa shefu wa divizio. Ili upandishwe, sheria ya wafanyakazi wa Leta, namba 16/013 ya tarehe 15 Julai 2016, inatazama nafasi iliyo wazi, muda uliokaa katika gradi ya chini, na alama za kila mwaka, kuanzia Élite (bora kabisa) hadi Médiocre (hafifu). Fomu ya alama ndiyo watu wanasaini bila kusoma, halafu miaka mitatu baadaye inatolewa dhidi yao. Chukua kopi siku ileile.

Kinachopingwa mahakamani ni karatasi ya uamuzi yenye namba, tarehe na saini. Dhuluma ya mdomo haina mlango wa kuingilia. Pia huwezi kukimbia moja kwa moja kwa jaji: lazima kwanza umwandikie aliyetoa uamuzi, ukimtaka auondoe au aurekebishe. Una miezi mitatu tangu karatasi ilipotangazwa au ulipoarifiwa. Andika jina, matrikili (namba yako ya kazi), gradi, namba na tarehe ya arete (hiyo karatasi ya uamuzi), kifungu kilichovunjwa, na unachoomba. Peleka nakala mbili; moja irudi kwako na tarehe, muhuri na jina la aliyepokea. Karani akisema "acha tu hapo", usiache.

Kosa linaloumiza zaidi ni anwani. Arete imesainiwa na waziri Kinshasa, wewe unamwandikia shefu wa divizio wako kwa kuwa ndiye unayemwona kila asubuhi. Kumpa gavana kopi "kwa taarifa" nako hakuhesabiki.

Tuchukue mfano. Umearifiwa tarehe 4 Machi, ukapeleka barua 20 Mei. Wakinyamaza mpaka 20 Agosti, huko kunyamaza ni kukataa. Kuanzia hapo una miezi mitatu mingine ya kwenda mahakamani. Nakushauri usifike Novemba, maana wakili naye anahitaji siku za kuandika.

Mahakama gani? Fuata saini. Uamuzi wa mamlaka ya kati unakwenda Conseil d'État, mahakama ya juu ya kiutawala, Kinshasa, kwa kifungu cha 155 cha Katiba. Uamuzi wa gavana wa Haut-Katanga, jimbo letu, unakwenda mahakama ya rufaa ya kiutawala. Pale ambapo haijawekwa, kifungu cha 224 cha Katiba hiyo kinaiachia Cour d'appel (mahakama ya rufaa ya kawaida) kazi hiyo. Wa mji au komini unaanzia ngazi ya chini. Hapa umbali ni ubaguzi mtupu kwa maoni yangu: mtu wa Kasumbalesa mwenye mshahara mdogo anadaiwa kesi iliyo zaidi ya kilomita 1,500 kutoka kwake.

Kufungua kesi hakumzuii mwingine kukalia kiti chako. Kusimamisha uamuzi kunaombwa pembeni, na lazima uonyeshe kwamba jambo ni la haraka, pamoja na shaka nzito juu ya uhalali wake. "Nimeaibishwa" si jambo la haraka.

Ukishinda, jaji anafuta karatasi, hakuteui. Na ikiwa kosa lilikuwa la utaratibu tu, mkubwa anaweza kusaini nyingine iliyo safi wiki inayofuata. Ndiyo maana fidia inaombwa mapema, katika barua ile ya kwanza, kwa hesabu: tofauti ya mshahara na primu (marupurupu) kwa mwezi, mara idadi ya miezi. Tangu mishahara ya Leta ilipoanza kupita benki, ushahidi upo. Omba historia ya akaunti kuanzia miezi sita kabla ya karatasi ile, yenye muhuri wa benki, kila ukurasa.