Joan Chen nyuma ya kamera: dhana potofu na ukweli

Wengi huamini kwamba Joan Chen, mwigizaji na mwongozaji wa filamu, ni nyota aliyeibuliwa na Hollywood. Si kweli. Alizaliwa Shanghai mwaka 1961, akaingia kwenye uigizaji angali kijana, na kufikia mwaka 1980 alikuwa ameshatwaa Tuzo ya Maua Mia, tuzo ya filamu ya China ambayo hutokana na kura za watazamaji. Alipohamia Marekani mwaka 1981, nchini kwao alikuwa anafahamika kila pembe.

Dhana yenye madhara zaidi ni ile inayodai kwamba mwigizaji mwenye jina akigeukia uongozaji huwa anajipamba tu, huku kazi yenyewe ikifanywa na wengine. Filamu yake ya kwanza kama mwongozaji, Xiu Xiu: The Sent Down Girl ya mwaka 1998, inatosha kuipinga. Aliandika muswada wake pamoja na Yan Geling, mtunzi wa hadithi iliyozaa filamu hiyo: binti wa fundi cherehani wa Chengdu anapelekwa nyikani wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni, kampeni ya kisiasa ya Mao Zedong iliyowapeleka vijana wa mijini mashambani, kujifunza ufugaji wa farasi, anasahauliwa huko, na mwishowe anautoa mwili wake kwa wanaume wanaomwahidi kibali cha kurudi nyumbani. Joan hakujipangia nafasi mbele ya kamera. Nafasi kuu alimpa Lu Lu, msichana aliyekuwa bado hajajulikana. Kwa kuwa filamu ilirekodiwa bila idhini ya serikali, ilipigwa marufuku China na yeye akatozwa faini, gharama ambayo mtu wa kujipamba asingeikubali.

Marufuku hiyo nayo imezaa dhana kwamba filamu haikuthaminiwa na Wachina. Mwaka huohuo, tuzo za Golden Horse za Taiwan, zinazoheshimika sana katika sinema ya Kichina, ziliipa tuzo saba, zikiwemo za filamu bora na mwongozaji bora.

Wapo pia wanaosema kwamba Autumn in New York ya mwaka 2000, ambayo pia aliiongoza na wakosoaji waliiponda kweli, ndiyo iliyomrudisha kwenye uigizaji akiwa ameshindwa. Lakini mtu aliyepata Golden Horse ya mwigizaji bora wa kike mwaka 1994, kabla hajaongoza filamu yoyote, akaipata tena mwaka 2007 kwa The Home Song Stories, hakurudi kokote. Alikuwa akiendelea na kazi yake.