Mlima wa sumaku haukushona mtepe

Mlima wa sumaku ni mlima wa hadithini. Umesimama baharini, mweusi, na chombo kikiukaribia misumari yake yote huchomoka na kurukia mlimani, mbao zikaachana, watu wakatota. Maana yake ni hiyo tu. Nimelazimika kuiandika kwa sababu hapa Mombasa, watu wakisimama mbele ya picha au mfano wa mtepe, chombo cha zamani cha pwani kilichoshonwa bila misumari, hakosekani mmoja wa kuwaambia wenzake kwamba wazee walishona vyombo kwa kamba kwa kuuogopa mlima huo. Nimeyasikia kwa watembeza wageni na kwa walimu, na juzi kwa kijana wa Mji wa Kale ambaye babu zake walikuwa mabaharia. La kijana ndilo lililoniuma zaidi.

Mlima wenyewe uachwe kwao. Kwao ni katika Alfu Lela Ulela, kisa cha Ajib mwana wa mfalme. Nahodha analia, anasema maji yanawapeleka mlimani na hakuna wa kuyazuia. Kileleni pana kuba la shaba, na juu yake farasi wa shaba na mpandaji wake, kifuani amevaa kibati cha madini ya risasi. Mpaka mpandaji yule aangushwe, vyombo vitaendelea kuangamia. Ni talasimu, na katika ulimwengu ule talasimu inatosha.

Katika ulimwengu wetu sumaku haina uwezo huo. Nguvu yake hupungua upesi mno kadiri unavyokaa mbali nayo, na msumari uliogongwa ndani ya mbao umeshikwa na mbao. Mawe yenye sumaku yapo kweli: kule Kursk, Urusi, chini ya ardhi mna madini ya chuma mengi hata dira hupotoka, lakini misumari ya milango ya watu imekaa pale pale. Kyamwilu, karibu na Machakos, ambako gari huonekana likipanda mlima lenyewe, nako kusiitwe mlima wa sumaku. Barabara za namna ile huyadanganya macho, mteremko ukaonekana mwinuko.

Sasa mtepe. Uvumi huu ni mkongwe. Procopius, mwandishi wa dola ya Rumi katika karne ya 6, aliukuta tayari unasemwa juu ya vyombo vya kushona vya bahari zetu hizi, akaukataa kwa hoja safi: meli za Warumi zikitoka bandari ya Aila kuingia Bahari ya Shamu zimejaa chuma, na hazijawahi kupatwa na lolote. Yeye alidhani sababu ni kukosa chuma. Kwa pwani yetu hapo simkubali. Al-Idrisi, mwanajiografia wa Kiarabu aliyekamilisha kitabu chake mwaka 1154, anawataja watu wa Malindi na wa Mombasa kuwa wachimbaji wa chuma. Chuma kilikuwapo, na hata hivyo mtepe ukaendelea kushonwa upande wa Lamu mpaka karne ya 20 ilipoanza.

Sababu aliiandika Ibn Battuta, msafiri wa Morocco, ambaye mwaka 1331 alipita hapa hapa Mombasa. Akieleza vyombo vya Bara Hindi na Yemen, anasema bahari ile ina miamba mingi. Chombo cha misumari kikigonga mwamba huvunjika, cha kamba hulegea kidogo kikasalimika. Miamba hiyo tunayo sisi kuanzia hapa mpaka kisiwa cha Pate. Fundi alizitoboa mbao tundu kwa tundu, akapitisha kamba za makumbi ya nazi, akakaza, akaziba. Gharama yake aliijua: chombo kilivuja, na mabaharia walikuwa na kazi ya kufua maji safari nzima. Aliipima hasara hiyo na ile ya kupasuka mwambani, akachagua. Tukisema alishona kwa kuogopa mlima, tunamnyang'anya hesabu yake na kumwachia woga ambao hakuwa nao. Mimi naona mambo yalikwenda kinyume: wageni waliona vyombo visivyo na msumari, wakashangaa, wakaubuni mlima.

Kwa hiyo tukiulizwa mbona mtepe hauna misumari, tujibu: kwa ajili ya miamba. Na mwenye kuupenda mlima wa sumaku amsimulie mtoto kisa cha Ajib chote, mpaka kwa yule mtu wa shaba na mashua yake, asikikatize.