Ukitaka Kubadili Madirisha ya Nyumba ya Zamani, Pita Ofisini Kwanza

Miezi hii simu za ofisini kwetu hapa Mwanza, tunakoshughulikia majengo ya urithi, hazitulii. Jirani anapiga anasema kuna watu wameingia na grinda kwenye ile nyumba ya kona kule Isamilo wanakata madirisha ya chuma, unapanda mlima mpaka unafika umelowa jasho, unamkuta mwenye nyumba mwenyewe kasimama hapo na kikombe cha chai, anashangaa umefuata nini, maana nyumba ni yake, hela ni yake na fundi kamtafuta mwenyewe. Wengine wanapiga kulalamika kwamba tunazuia maendeleo ya jiji. Na kuna wanaopiga nyumba ikiwa imeshashushwa chini wanauliza tutafanya nini, hawa ndio wananiuma zaidi, kwa sababu hapo hatuna la kufanya, mnaangalia kifusi tu.

Naelewa kabisa kwamba wengi wenu hamna nia mbaya. Mtu karithi nyumba ya baba, anaona madirisha yana kutu, anaweka aluminiamu. Kwa hiyo naandika hapa taratibu, ili ujue kabla hujamuita fundi.

Nianze na lile linalotuchosha kuliko yote, kwamba nyumba ikishaandikwa kwenye orodha ya urithi basi serikali imeichukua. Hapana jamani. Hati inabaki na jina lako, unaishi, unapangisha, unauza, unawaachia watoto. Kinachobadilika ni kwamba kabla ya kubomoa au kuigeuza sura yake unaomba ruhusa, na ruhusa hiyo mara nyingi inatoka. Kule Los Angeles kuna nyumba inaitwa Ennis, ya mwaka 1924, imechorwa na Frank Lloyd Wright, msanifu majengo wa Marekani, ni mali ya mtu binafsi na inauzwa kama nyumba nyingine. Ilipouzwa 2011 mnunuzi alikubali masharti ya kutoivuruga na ya kuifungua kwa wageni angalau siku 12 kwa mwaka, basi, siku zilizobaki ni kwake. Mwaka 2019 ikauzwa tena kwa dola milioni 18, kwa hiyo na hili la kwamba masharti ya kuhifadhi yanaua thamani ya nyumba naomba tuliache.

Huyo Wright namtaja kwa sababu kila nikimtaja mtu ananijibu kwamba za kwake zinalindwa kwa sababu alikuwa maarufu. Ni kweli UNESCO iliingiza majengo yake 8 kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2019. Lakini umaarufu haukuzuia jengo lake la ofisi la Larkin, mjini Buffalo, kubomolewa 1950, yeye mwenyewe yuko hai na jina lake liko juu. Nyumba ya Robie pale Chicago, iliyokamilika 1910, wenye nayo walitaka kuivunja 1941, wakataka tena 1957 wajenge bweni la wanafunzi, mzee wa watu akiwa anakaribia miaka 90 ikabidi aende mwenyewe kuitetea. Iliponea kwenye kelele za watu waliosema mapema, kisha akapatikana mnunuzi akaishika, mpaka 1963 ikakabidhiwa Chuo Kikuu cha Chicago. Zingatia hilo neno mapema.

Sasa sheria yetu. Wengi wanadhani jengo la Mjerumani linalindwa lenyewe tu kwa sababu ni la Mjerumani. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inalinda moja kwa moja jengo lililojengwa kabla ya mwaka 1863, na Mjerumani mji huu kauanza 1892, kwa hiyo piga hesabu mwenyewe. Hakuna nyumba ya Mjerumani wala ya Muingereza, wala duka la Mhindi lenye mwaka umeandikwa juu ya ukuta wa mbele pale mjini, linalopona kwa umri wake peke yake. Linalindwa pale Waziri anapolitangaza kwenye Gazeti la Serikali, na Sheria ya Mipangomiji ya 2007 nayo inaipa mamlaka ya upangaji njia ya kutoa amri ya kuhifadhi jengo lenye thamani ya usanifu au ya historia. Zile nyumba za miaka ya 50 na 60 za Capri Point na Isamilo, zenye paa la zege limetoka nje kama kofia, vioo vya luva, tofali za matundu na sakafu ya terazo, ndizo ziko hatarini zaidi kwa sababu watu hawazioni kama za zamani, wanaziona zimechoka. Na wengi hatujui hata nani alizichora. Soko la Kariakoo la Dar es Salaam nchi nzima inalijua, lakini simama hapa Makoroboi uulize Beda Amuli aliyelichora ni nani, uone wangapi watakujibu.

Tatizo jingine la hapa kwetu ni mawe. Wright alijenga nyumba ya Fallingwater kule Pennsylvania juu kabisa ya maporomoko ya kijito, kazi imeanza 1936, mwenye nayo ni tajiri wa maduka anaitwa Kaufmann. Pale kando ya maji palikuwa na jiwe ambalo familia ilizoea kukaa kuota jua, Wright hakulipasua, limetokeza kwenye sakafu ya sebule mbele ya sehemu ya kuotea moto. Sakafu yote ya mawe imepakwa nta inang'aa kama maji, lile jiwe likaachwa kavu bila nta, kwa hiyo ukiliangalia ni kama linatoka mtoni. Mtu wa Mwanza haihitaji aelezewe uzuri wa hilo, sisi tumekulia juu ya mawe.

Ndiyo maana nilisikitika sana nilipoitwa Isamilo kwa namhala mmoja, yaani mzee, ambaye nyumba yake nayo imejengwa na jiwe ndani. Jiwe linaingia ukuta wa nyuma wa jiko, limekaa pale kama ng'ombe aliyelala, bichi muda wote, bibi alikuwa anaweka mtungi wa maji juu yake na pameshafanya duara. Kijana wa nyumba aliona linakula nafasi, akaleta wale vijana wa kuchoma mawe, wakaanzia upande wa nje, matairi, moto toka asubuhi, halafu ndoo za maji. Jiwe likatoa ufa, na ukuta nao ukatoa ufa, toka kona ya dirisha mpaka kwenye lenta, unaingiza kidole. Kwa sababu msingi wa upande ule haukuchimbwa, ule ukuta umekalia jiwe. Aliyechora alilitumia jiwe kama msingi, sasa wewe unalipasua unadhani unaongeza jiko kumbe unaondoa msingi. Tulisimamisha kazi siku hiyohiyo, tukaegesha mirunda kuushika ukuta, na bado tunapima ule ufa kama unatembea.

Kwa hiyo tafadhali, jiwe likiwa limeshikana na nyumba usilichome, usilipasue, usiuze kokoto yake. Uliza mhandisi kwanza.

Watu wananiambia nyumba hizi zinavuja hivyo hazifai. Hata za Wright zilivuja, paa zake zinajulikana kwa hilo. Na zile baraza za Fallingwater zilizoning'inia juu ya maji zililegea mpaka zikashuka kama sentimita 18, wakaziwekea egemeo za chuma kwa muda, halafu 2002 wakapitisha nyaya za chuma ndani ya zege wakazikaza, nyumba ipo, watu wanaingia kuiona mpaka leo. Kuvuja ni kazi ya kurekebisha. Halafu hao hao wanaoshusha nyumba ya zamani kwa sababu inavuja wanaenda kujenga paa la kuficha, lile la kontemporari, gata imefichwa ndani ya ukuta, majani ya mwembe yakiziba mvua ya Machi inashukia sebuleni. Ukiwa na paa la zege la zamani kazi ya kwanza ni kufagia na kuzibua matundu ya maji kabla ya mvua, kazi ya nusu siku. Nimeona nyumba imeandikiwa barua ya kubomolewa ambayo shida yake ilikuwa tundu la maji lililozibwa na kiota.

Na saruji. Hapa nawaomba mafundi mnisikilize. Ukuta wa mawe wa zamani uliojengwa kwa chokaa unapumua, maji yakiingia yanatoka. Ukiupiga ripu ya saruji ngumu juu yake umeufunga mdomo, unyevu unabaki ndani, baada ya misimu miwili mitatu rangi inatoka mabaka, ripu inaanza kuvimba, ukigonga inalia kama debe. Mwenye nyumba anasema ukuta umeoza kumbe umeozeshwa. Rudisha chokaa. Mchanga nao angalia unautoa wapi, wa ziwani wenye udongo na konokono hauoshwi unaenda moja kwa moja kwenye mchanganyiko. Ile nyumba ya Ennis niliyoisema ina tofali za zege zaidi ya 27,000, na zilichanganywa na mchanga wa mawe ya palepale kiwanjani ambao haukuwa safi, zikaanza kumong'onyoka, tetemeko la 1994 na mvua za 2005 zikamalizia. Kwa hiyo sio mambo ya umaskini wetu, mchanga mchafu haujui tajiri.

Utaratibu sasa, na hapa naenda polepole kwa sababu ndipo mnapokwama. Ukitaka kubomoa, kuongeza ghorofa, kuhamisha ukuta, kubadili paa au madirisha ya mbele kwenye nyumba unayodhani ni ya zamani, anza kwa mtendaji wa mtaa. Halafu unaandika barua ya maombi halmashauri, ukiwa jiji ni jiji na ukiwa Ilemela ni Manispaa ya Ilemela, usichanganye, watu wa Kirumba na Pasiansi wanakuja jijini kila wiki tunawarudisha. Ambatanisha nakala ya hati au barua ya toleo, risiti za kodi ya ardhi na ya jengo, michoro ya jengo lilivyo sasa, michoro ya unavyotaka liwe, iliyogongwa muhuri na msanifu aliyesajiliwa, na kama kuna zege au ghorofa basi michoro ya mhandisi pia. Weka na picha za pande zote nne na za ndani, picha za simu zinatosha. Maombi yanapita kwa afisa mipango miji, mhandisi, afya, zimamoto na ardhi, likionekana ni jengo la urithi linakuja kwetu, tunakuja kuliona, tunakuandikia kipi kiguswe na kipi kisiguswe. Kibali cha kujenga sio kibali cha kubomoa. Narudia, ni vibali viwili tofauti, ukiwa na kimoja ukafanya la kingine umevunja sheria.

Ukianza bila kibali utapigiwa X nyekundu ukutani na kuandikiwa usimamishe kazi. Kuifuta kwa rangi hakufuti notisi, kumbukumbu iko kwenye faili. Ukiendelea utapelekwa mahakamani, na kwa jengo lililotangazwa kwenye Gazeti la Serikali kosa linaingia kwenye sheria ya mambo ya kale, kuna faini na kuna kifungo. Na gharama ya kurudisha ulichoondoa ni yako, na madirisha ya chuma ya mtindo ule hayapo dukani, yanatengenezwa moja moja. Fundi naye asidhani yuko salama kwa kusema nimetumwa.

Nyumba ya urithi wa familia yenye ndugu wengi, leteni barua ya msimamizi wa mirathi, hatupokei maombi ya ndugu mmoja huku wengine wanapiga simu kupinga. Na kukata sebule kuwa vyumba vya wapangaji sio mwisho wa nyumba, msikate tamaa mkadhani imeshaharibika haina maana. Nyumba ya Wright mwenyewe pale Oak Park, aliyoijenga 1889 akiwa kijana wa miaka 22, baadaye iligawanywa fleti za wapangaji. Mwaka 1974 ikapata watu wa kuishughulikia, wakakaa chini kwanza wakakubaliana wairudishe ilivyokuwa 1909, mwaka aliohama, kisha wakafanya kazi mpaka 1987. Miaka 13. Waliweza kwa sababu kulikuwa na michoro, picha, na alama za kuta za zamani zilizobaki chini ya plasta.

Ndiyo maana wiki hizi mtaona vijana wetu wanapita Isamilo, Capri Point na Bwiru na futi na kamera, wana vitambulisho, waombeni mvione. Hawapimi kwa ajili ya kodi. Wanachora nyumba ilivyo ili siku ikiguswa tujue ilikuwaje. Wakikuuliza kama kuna ramani ya zamani usijibu haraka kwamba haipo. Yule namhala alituambia haipo, kijana akasema haijawahi kuwepo, bibi akaingia chumbani akatoka na bati la biskuti kutoka uvunguni. Ndani kulikuwa na stakabadhi za pamba, vyeti vya ubatizo, na chini kabisa ramani ya karatasi ngumu imekunjwa mara nane. Jiwe limechorwa, mstari wa ukuta unapita juu yake, na pembeni mtu kaandika kwa penseli lisiguswe. Ukiwa na karatasi ya namna hiyo, hata kama mchwa wamekula kona, njoo nayo ofisini asubuhi kabla ya saa sita, tunaipiga picha hapohapo mbele yako na unaondoka nayo.