Je, wajua kwa nini kijiko kimoja cha dawa kinaweza kuwa mara mbili ya kingine?

Chukua chupa mbili za dawa ya maji ya amoksilini. Jina ni hilohilo, lakini moja imeandikwa 125 mg/5 ml, yaani miligramu 125 za dawa katika kila mililita 5, na nyingine 250 mg/5 ml. Kijiko cha ile ya pili kina dawa maradufu. Wengi wetu tukisoma lebo macho hukamata 250 tu, ile 5 tukairuka, na bila hiyo 5 hesabu haianzi.

Kwanza tafuta mililita moja ina miligramu ngapi. Tuseme unayo parasetamoli ya maji ya 120 mg/5 ml. Gawa 120 kwa 5, unapata miligramu 24 katika kila mililita. Mtoto ana kilo 12 na daktari ameandika miligramu 15 kwa kila kilo, basi anahitaji 180 kwa mara moja. Gawa 180 kwa 24: mililita 7.5.

Sasa mtoto huyohuyo apewe parasetamoli ya matone, ile ya wachanga, yenye miligramu 100 katika mililita moja. Miligramu zake 180 ni mililita 1.8 tu. Mzazi aliyezoea 7.5 akivuta 7.5 za matone, amempa miligramu 750, zaidi ya mara nne ya kipimo, na parasetamoli ikizidi huharibu ini. Inashangaza, lakini matone ndiyo makali kuliko dawa ya watoto wakubwa. Yalitengenezwa hivyo ili mchanga ameze kidogo. Mkanganyiko huu ndio uliofanya watengenezaji wa Marekani watangaze mwaka 2011 kuachana na matone makali na kubaki na nguvu moja, 160 mg/5 ml.

Hiyo mililita 5 ni kijiko cha chai cha kupimia, si kile cha kukorogea sukari. Vya kabatini havilingani hata vyenyewe kwa vyenyewe. Bomba la sindano lisilo na sindano ni bora zaidi, mwombe mfamasia.

Tena kuna dawa za unga, zinazochanganywa na maji hadi alama ya chupa. Maji yakipita alama, lebo itaendelea kusema 250 mg/5 ml ilhali kijiko kimepungua nguvu. Usipotikisa, unga hutuama: mtoto anaanza na vijiko hafifu, anamaliza na vikali.