Muuguzi kubaki kazini siyo kwamba ameridhika

Nikikutana na waganga wafawidhi au makatibu wa afya, swali ni lilelile: tufanyeje wauguzi wasitukimbie? Wengi jibu wanalo tayari, mshahara. Siwapingi. Mtu mwenye kodi ya nyumba na ada za watoto huwezi kumwambia uuguzi ni wito ukategemea ale huo wito. Lakini hospitali mbili za serikali zinalipa ngazi zilezile, moja watu wanaomba kuhamia, nyingine wanaomba kuhama. Hapo mshahara hauelezi kitu.

Mwaka 1993 watafiti John Meyer, Natalie Allen na Catherine Smith wa Kanada walichapisha utafiti waliowafanyia wauguzi na wanafunzi wa uuguzi. Walitenganisha sababu tatu za mtu kushikamana na taaluma yake: anaipenda, anajiona ana wajibu nayo, au akipiga hesabu ya kuiacha anaona hasara. Kwenye kitabu cha mahudhurio wote watatu wanasaini. Kitandani kwa mgonjwa ndipo utawajua. Tena kuipenda taaluma na kumpenda mwajiri ni mambo mawili. Wengi wanaoondoka hawaachi uuguzi, wanaacha wodi yako.

Chukua wodi ya wazazi usiku. Patografu, ile chati ya kufuatilia uchungu, inataka mapigo ya moyo wa mtoto yasikilizwe kila baada ya dakika 30, kwa kila mama aliye kwenye uchungu. Muuguzi yuko peke yake na akina mama watano. Mmoja kichwa cha mtoto kimeshaonekana, mwingine ameanza kutokwa damu. Kinachotakiwa anakijua, tulimfundisha na mtihani akafaulu. Alfajiri, kabla ya kukabidhi ripoti, anakaa anajaza zile nukta kwa kukisia. (Wasimamizi wakija wanasifu patografu zilizojazwa vizuri. Ngoja ninyamaze.) Akiishi hivyo mwaka mzima anaanza kujikinga: anapunguza kujali, maana kujali kunamuumiza. Sisi wa pembeni tunasema wauguzi wa siku hizi hawana wito.

Marekani, ripoti ya mwaka 1983 ilichunguza hospitali 41 zilizokuwa zikiwavuta wauguzi wakati kwingine hawapatikani. Yaliyoonekana hayakuwa ya ajabu: watu wa kutosha kwenye zamu, mkuu wa wauguzi anayesikilizwa na uongozi, na muuguzi kuachiwa uamuzi kwenye mambo ya taaluma yake.

Kwetu naongeza kiongozi wa wodi, inchaji. Akibandika ratiba ya zamu mapema, akagawa usiku bila upendeleo, na wodi ikifurika akavaa glavu akaingia mwenyewe, watu watavumilia mengi. Akipeleka walewale kwenye semina zenye posho, wodi nzima itajua kabla ya chai ya saa nne. Kisha kuna yule aliyejiendeleza kutoka cheti hadi diploma, akaleta vyeti vyake, na barua ya kuomba kubadilishiwa muundo, yaani atambuliwe kazini kwa elimu yake mpya, ikalala ofisini bila jibu. Huyo bado anakuja kazini. Anasaini.

Kwa hiyo mganga mfawidhi akiniuliza aanzie wapi, namwomba orodha ya waliokwenda semina mwaka uliopita na faili la maombi ya muundo. Kubadilisha muundo kunataka ikama (nafasi za kazi zilizoidhinishwa) na bajeti, najua. Kumjibu mtu barua yake hakutaki bajeti.