Kambakoche wa bei chee, gati lisilo na watu

Wiki hii nimeambiwa tena: "Roboti kwenye gemu zinamdhuru nani? Si zinashusha bei?" Kazi yangu ni kuchunguza akaunti zinazoshukiwa kuendeshwa na roboti, yaani programu zinazocheza zenyewe badala ya mtu, na swali hili nimelijibu mpaka basi. Leo nalijibu kwa kirefu.

Chukua RuneScape, gemu ya Jagex ya Uingereza iliyoanza 2001. Kwenye kisiwa cha Karamja kuna gati. Ukifika levo ya 40 ya uvuvi unatega kambakoche pale. Mgeni alipata hapo hela zake za mwanzo, na huku akisubiri mtego alipiga soga na jirani. Zikija roboti kumi, zinavua usiku na mchana, mzigo unajaa sokoni, bei inaporomoka. Mnunuzi anafurahi, sikatai. Lakini mgeni hanunui kambakoche, anawauza! Hiyo nafuu unayoisifu imetoka mfukoni mwake.

Halafu, bei ya nini? Hapa ndipo watu wanaponichosha. Roboti inayovua haizalishi sarafu mpya hata moja, inakusanya tu zilizo mikononi mwa wachezaji. Roboti inayoua viumbe vinavyodondosha sarafu inaleta fedha ambazo hazikuwepo. Ya kwanza inashusha bei ya samaki. Ya pili inapandisha bei ya vitu adimu, vile ambavyo roboti hazivipati kwa urahisi. Mgeni anabanwa huku na huku: anachouza kinashuka, anachokitamani kinapaa.

"Basi zifungieni zote." Mwishoni mwa 2007 Jagex walibana biashara huru kati ya wachezaji ili kuwakomesha wanaouza sarafu za roboti kwa pesa halisi. Ikawa hata zawadi ya maana huwezi kumpa rafiki yako. Biashara huru ilirudi Februari 2011, roboti nazo zikafurika, na Oktoba mwaka huohuo kampuni ikatangaza kufungia akaunti zaidi ya milioni moja kwa mkupuo. Zilirudi tena.

Kuzitambua si kazi ya macho. Saa ya gemu hii inapiga kila sekunde 0.6, na roboti za zamani zilifuata mapigo hayo bila kukosea, zikibofya palepale. Za leo zimefundishwa kukosea. Na kuna binadamu wanaofanana nazo kabisa: uchumi wa Venezuela ulipoanguka, wako waliokesha wakiua majoka ya kijani kwenye toleo la zamani la gemu hii ili wauze sarafu, wapate chakula. Kwenye kumbukumbu za seva, mtu aliyechoka akirudia kitendo kimoja kwa muda wa saa kumi na mbili anaonekana kama mashine. Akaunti moja ya namna hiyo niliikalia siku mbili, nikapendekeza ifungiwe. Mpaka leo sina hakika kama nilitenda haki.

Lakini kinachoniuma zaidi si bei. Nimewahi kufuatilia akaunti changa iliyofika gatini kukiwa na wavuvi wanane. Ikaandika "habari zenu". Kimya. Ikauliza mtego unauzwa wapi. Kimya. Dakika tatu baadaye ikaandika "kuna mtu hapa?", ikasubiri kidogo, ikatoka. Nimetafuta kwenye kumbukumbu: haikuingia tena.