"Mzee ana sisi, marafiki wa nini?"

Hakuna kauli ninayoisikia mara nyingi kliniki ya wazee kuliko hii: "Tumemkataza kijiwe, atulie nyumbani. Si ana sisi?" Watoto huisema kwa mapenzi kabisa, na ndiyo maana inaniuma.

Mtoto hawezi kushika nafasi ya rika. Wewe humtanii baba yako, humbishii, wala hukumjua alipokuwa kijana. Unamuuliza kama amekula na kama amemeza dawa, basi. Barazani mzee anahesabu kete za bao, anavizia mashimo ya mwenzake, anabishana siasa, anatembea kwenda na kurudi. Asipoonekana siku mbili, kuna mtu atakuja kubisha hodi. Utafiti wa Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani, ulioanza mwaka 1938 umewafuatilia wanaume tangu ujana hadi uzeeni: walioridhika na uhusiano wao na watu wakiwa na miaka 50 ndio waliokuwa na afya nzuri walipofika 80, na jambo hilo lilitabiri afya yao vizuri kuliko kolesteroli, yaani mafuta kwenye damu. Mwaka 2024 jopo la wataalamu la jarida la tiba la Lancet liliweka kutengwa na watu miongoni mwa mambo 14 yanayoongeza hatari ya demensia (maradhi ya kupoteza kumbukumbu) na yanayoweza kurekebishwa. Mtumishi wa umma Tanzania hustaafu kwa lazima akiwa na miaka 60, akaagana na kazi na wenzake siku moja. Ukimnyang'anya na kijiwe, umemwachia nini?

Ana kisukari? Aache kashata, asiache wenzake.

"Amenyamaza siku hizi, ni uzee tu." Si uzee. Apimwe sonona, ule ugonjwa wa huzuni isiyoisha, inatibika.

"Hataki watu." Mpimeni masikio kwanza! Mwanamume asiyesikia vizuri huona haya kuuliza "umesemaje?" kila mara, mwishowe hujitenga, nanyi mkasema ana kiburi. Kupungua kwa usikivu nako kumo katika yale mambo 14 ya demensia.

"Wanaume hawaongei ya moyoni." Wanaongea sana, ila mikono ikiwa na kazi, macho yakiwa kwenye drafti au karata. Ukimkalisha uso kwa uso umhoji, hupati neno.

"Rafiki zake wote wameshakufa." Basi atafutiwe wengine. Anzeni na wazee anaokutana nao msikitini au kanisani, kisha jioni mjukuu amsindikize barazani kwao. Avae viatu visivyoteleza, abebe fimbo yake, na namba ya simu ya nyumbani iwe mfukoni.